Amri ya kusimamisha ujenzi iandikwe: barua ya wazi kwa Wakuu wa Wilaya

Kwa: Waheshimiwa Wakuu wa Wilaya, Tanzania Bara
Nakala: Makatibu Tawala wa Wilaya, Wakurugenzi wa Halmashauri, Ofisi ya Rais – TAMISEMI

YAH: AMRI ZA MDOMO ZA KUSIMAMISHA UJENZI KWENYE VIWANJA VYA WATU

Husikeni na kichwa cha barua hapo juu.

Tunaoandika ni watu wa kazi hizi: wapima ardhi, wachoraji ramani, mafundi wa zege na mawakili wa mashauri ya ardhi. Jambo letu ni moja. Mtu ana hati, ana kibali cha ujenzi, msingi umeshapanda. Jirani, au ndugu wa marehemu aliyeuza kiwanja, anapeleka malalamiko ofisini kwenu. Gari linafika kiwanjani, mafundi wanaambiwa waweke koleo chini, na maneno yanatamkwa mbele ya watu: "Kuanzia leo hapa hakuna kujenga mpaka niseme." Karatasi haiachwi. Kifungu cha sheria hakitajwi. Siku ya mwisho haipo. Anayethubutu kuuliza anaonyeshwa mlango wa gari la polisi.

Waheshimiwa, amri ya namna hiyo haina mguu wa kisheria wa kusimamia, na madhara yake kwa jengo ni makubwa kuliko yanavyoonekana kwa mtu aliyesimama kando ya tofali. Tunaomba mtusikilize kwa yote mawili.

Tuanze na mamlaka. Sheria ya Tawala za Mikoa, Sura 97, inawafanya kuwa wawakilishi wa Serikali katika wilaya na kuwapa jukumu la ulinzi na usalama. Inawapa pia nguvu ya kuamuru mtu akamatwe, anapotenda kosa au pale ambapo amani iko hatarini kuvunjika, na kama hajafikishwa mahakamani ndani ya saa 48 aachiwe. Nguvu hiyo inamhusu mtu na uvunjifu wa amani. Haihusu tofali, boriti wala mpaka wa kiwanja. Fundi anayepanga kozi ya tano akiwa na kibali cha halmashauri mfukoni hajavunja amani ya mtu yeyote, na kumweka ndani usiku mmoja ili mwenye nyumba aogope ni kuitumia nguvu hiyo kwa kazi ambayo haikutungiwa. Sheria hiyohiyo imeacha mlango wazi wa kumshitaki kiongozi anayeitumia vibaya.

Kuhusu nani mwenye ardhi, Sheria ya Ardhi, Sura 113, na Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi, Sura 216, zimetaja vyombo kwa majina: Baraza la Ardhi la Kijiji, Baraza la Kata, Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufani. Ofisi ya Mkuu wa Wilaya haimo kwenye orodha hiyo. Hata Baraza la Kata, tangu marekebisho ya mwaka 2021, halitoi hukumu tena. Linasuluhisha tu, na wasipopatana ndani ya siku 30 mlalamikaji anakwenda Baraza la Wilaya. Sasa kama Bunge limeona baraza lenye wajumbe wanaoketi, kusikiliza pande mbili na kuandika mwenendo lisiamue tena nani mwenye kiwanja, vipi uamuzi huo utoke kwa mtu mmoja aliyesimama juu ya kifusi kwa dakika kumi akiwa amesikia upande mmoja?

Tunajua kuna hoja inayotolewa hapa, kwamba Mkuu wa Wilaya hakuamua mgogoro, amesimamisha tu ili mambo yatulie. Hoja hiyo tunaiheshimu, lakini haisimami. Kusimamisha ujenzi wakati mgogoro unasubiri nako kuna jina katika sheria: ni zuio la muda, na lina masharti. Tangu shauri la Atilio dhidi ya Mbowe la mwaka 1969, anayeomba zuio lazima aonyeshe mambo matatu: kwamba kuna hoja ya kweli ya kuamuliwa na ana dalili za kushinda, kwamba asipopewa zuio atapata hasara isiyofidika, na kwamba atakayeumia zaidi zuio likikataliwa ni yeye kuliko mwenzake. Na akishalipata halidumu milele. Kanuni za Amri ya 37 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai zinasema zuio lisizidi miezi 6, na likiongezwa, jumla isizidi mwaka 1.

Tunaomba mtulie kwenye jambo hilo. Jaji wa Mahakama Kuu, baada ya kusoma viapo vya pande zote na kusikiliza mawakili, hawezi kusimamisha ujenzi kwa zuio la muda kupita mwaka. Lakini maneno "mpaka niseme" yanaweza kukaa miaka mitatu, kiongozi akahamishiwa wilaya nyingine, na anayekuja akasema hakulikuta jalada lolote kuhusu jambo hilo. Ni kweli hakulikuta. Halikufunguliwa.

Hatusemi ujenzi usisimamishwe. Sisi mafundi ndio wa kwanza kulilia jengo bovu lisimamishwe. Ghorofa lililoanguka mtaa wa Indira Gandhi, Dar es Salaam, tarehe 29 Machi 2013, liliua watu 36, na kila mtu wa fani hii angependa kuona siku ambayo mkaguzi angelifunga mapema. Wenye mamlaka ya kusimamisha wapo, na wanatosha. Halmashauri ndiyo mamlaka ya upangaji chini ya Sheria ya Mipango Miji, Sura 355. Ndiyo inayotoa kibali, na ndiyo inayoweza kutoa notisi kwa anayejenga bila kibali au kinyume nacho. NEMC inasimamia Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004, pamoja na katazo la kujenga ndani ya mita 60 kutoka kingo za mto, ziwa au bahari. TANROADS na TARURA wana hifadhi za barabara. Bodi za wakandarasi, wahandisi na wasanifu zina mkono wao, na OSHA inaangalia usalama wa mafundi. Mahakama zina zuio. Mkuu wa Wilaya akipata malalamiko, njia ya haki ni fupi: anamwandikia Mkurugenzi, Mkurugenzi anamtuma mkaguzi wa majengo na mpima, na taarifa inarudi mezani. Kazi hiyo, tunaijua, ni ya siku mbili au tatu. Mpima anahitaji ramani ya upimaji yenye namba za bikoni, yaani alama za mpaka, na kifaa chake. Mkaguzi anahitaji seti ya michoro yenye mhuri wa halmashauri na futi kamba. Kama jengo limetoka nje ya mstari, litaonekana.

Sasa tuje kwenye zege, kwa sababu hapa ndipo amri ya ghafla inapoumiza bila anayeitoa kujua.

Chukueni slabu ya nyumba ya kawaida ya ghorofa moja, mita 10 kwa 12, unene sentimita 15. Hiyo ni mita za ujazo 18 za zege. Kwa mchanganyo wa moja, mbili, nne (saruji, mchanga, kokoto), inakula mifuko ya saruji kama 115 ya kilo 50, na ikishamwagwa ina uzito unaozidi tani 40. Chini yake imesimama mirunda zaidi ya mia, kama mita moja kutoka mmoja hadi mwingine. Zege hiyo imemwagwa Jumamosi. Jumatatu asubuhi amri inafika, kila mtu anatolewa nje, geti linafungwa kwa mnyororo.

Kuanzia saa hiyo hakuna anayemwagilia maji. Saruji haikauki kama udongo wa matope. Inashika kwa kunywa maji, na inayahitaji zaidi katika siku 7 za mwanzo. Zege iliyotunzwa hufikia karibu theluthi mbili ya nguvu yake siku ya saba, na nguvu ambayo mhandisi ameiandika kwenye mchoro ni ya siku 28. Ikiachwa juani siku ya pili, uso wake unapasuka nyufa nyembamba kama utando wa buibui, maji ya mvua yanapita humo hadi kwenye nondo, na nguvu iliyokosekana wiki hiyo haiji kurudishwa kwa kumwagilia mwezi unaofuata. Hakuna dawa. Mwenye nyumba atajenga juu ya slabu hiyo, na watu watalala chini yake.

Kuna la pili, nalo tunaliogopa zaidi. Mirunda hukodishwa kwa siku. Slabu haitakiwi kufumuliwa kabla ya siku 14, na boriti ndefu huachwa hadi 21 au zaidi. Amri ikikaa, mwenye mirunda anakuja kudai mali yake, au vijana wa mtaani wanaichomoa usiku wakijua hakuna mlinzi. Mrunda ukiondoka katikati ya boriti ambayo haijakomaa, boriti inalegea kwa milimita chache ambazo macho hayazioni, na ufa unaanzia chini, mahali penye plasta baadaye.

Amri ikifika wakati zege inamwagwa, ni mbaya zaidi. Zege ya juani inaanza kushika ndani ya saa chache. Mkisimamisha boriti ikiwa nusu, kesho zege mpya haitashikana na ya jana; panabaki mshono, na mshono huo uko pale alipokuwa fundi wakati gari lilipofika. Mhandisi akipanga kukatiza kazi, anachagua sehemu ambayo boriti haina msukumo mkubwa, kwa kawaida theluthi ya katikati ya urefu wake, anakata wima kwa ubao, na uso wake unakwaruzwa kabla ya kuendelea. Hiyo inataka saa moja au mbili za kumalizia. Tumeona amri zikikataa hata hizo.

Msingi uliochimbwa na kuachwa wakati wa masika nao una habari yake. Chini ya mtaro panakuwa tope, kuta zinabomoka, na kama mtaro uko jirani na ukuta wa nyumba ya mtu mwingine, udongo unaoubeba ukuta ule unaanza kutiririka. Mlalamikaji aliyeomba ujenzi usimamishwe ndiye mara nyingi ukuta wake unaopasuka kwanza. Kazi ikirejea, tope lote litolewe hadi ardhi ngumu, na pengo lijazwe zege dhaifu (yenye saruji kidogo), kamwe si udongo uliofukuliwa. Kuta za tofali zilizofika usawa wa linta bila linta kufungwa zinasukumwa na upepo. Saruji ya stoo inaganda kwa unyevu, na hata isiyoganda hupungua nguvu ikipita miezi mitatu. Nondo zilizosimama nje zinapata kutu. Ile nyembamba ya rangi ya chungwa si neno, ila ikifika kutoa magamba, lazima isuguliwe kwa brashi ya waya kabla ya zege, vinginevyo zege haiishiki.

Na wakati haya yote yanaendelea, saa ya hati inatembea. Hati nyingi za viwanja vya makazi zina sharti la kukamilisha ujenzi ndani ya miezi 36. Ofisi moja ya Serikali inamwambia raia ajenge kabla ya tarehe fulani asije akapoteza haki yake, na kiongozi mwingine wa Serikali hiyohiyo anamkataza kushika mwiko. Afanye lipi?

Turudi kwenye mdomo na karatasi. Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba inampa kila mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu pale haki zake zinapoamuliwa na mahakama au chombo kingine, na haki ya kukata rufani au kupata nafuu nyingine. Ibara ya 24 inalinda mali. Mahakama ya Rufani ilishasema katika shauri la Akonaay mwaka 1994 kwamba hata ardhi ya kimila isiyo na karatasi ni mali inayolindwa na ibara hiyo. Katika shauri la Mbeya-Rukwa Autoparts ikasisitiza kuwa haki ya kusikilizwa ni ya kikatiba, na uamuzi uliofikiwa bila kumsikiliza mtu hauwezi kuachwa usimame. Lakini raia atakata rufani dhidi ya nini, ikiwa hakuna kilichoandikwa? Akifika mahakamani anaulizwa: uamuzi unaoulalamikia uko wapi? Hapo ndipo amri ya mdomo inapomnyima haki mara mbili, kwanza kiwanjani, kisha mahakamani.

Kwa hiyo tunawaambia wazi kile tunachowashauri wananchi wanaotujia, ili lisije likaonekana ni jambo la kificho. Siku hiyohiyo, mwenye kiwanja amwandikie Mkuu wa Wilaya barua ya heshima inayoeleza: tarehe, saa, namba ya kiwanja na kitalu, maneno yaliyotamkwa kama yalivyotamkwa, na majina ya waliokuwepo, akiwemo Mwenyekiti wa Mtaa na fundi mkuu. Aambatanishe nakala ya hati, kibali cha ujenzi na risiti ya kodi ya pango la ardhi. Aombe mambo matatu: sababu kwa maandishi, kifungu cha sheria, na siku ya kusikilizwa. Apeleke nakala mbili masjala. Moja ibaki, nyingine irudi na mhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Mhuri ule ndio unaoipa amri ya mdomo mwili. Kimya kikijibu, fundi na Mwenyekiti wanaapa viapo kuhusu walichosikia.

Kisha apige picha za kila kona, ahesabu mifuko ya saruji, tani za nondo, mirunda na siku za kukodi, na aandike kila siku kwenye daftari. Mkadiriaji majenzi akija baadaye, daftari hilo ndilo litakalomwonyesha hasara, kwa siku na kwa mfuko.

Akitaka amri ifutwe, anakwenda Mahakama Kuu kwa njia ya mapitio ya mahakama: anaomba kwanza ruhusa, ndani ya miezi 6 tangu amri itolewe, na akipewa, anafungua maombi yenyewe ndani ya siku 14. Wengi wanapoteza haki hapa, kwa sababu wanakaa miezi minane wakimsubiri kiongozi "aseme". Akitaka fidia, anatoa notisi ya siku 90 chini ya Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali, Sura 5, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali, ambaye lazima aunganishwe kwenye shauri, na shauri linafunguliwa Mahakama Kuu. Notisi ikiwa bado inakimbia na jengo linaharibika, yapo maombi ya kulinda hali ambayo mawakili huyaita Mareva. Zamani haikuwezekana kuishitaki Serikali bila kwanza kupewa kibali na Serikali yenyewe. Mahakama ya Rufani ikalifuta sharti hilo mwaka 1993 katika shauri la Kukutia Ole Pumbun. Mlango ule upo wazi tangu hapo, na fidia inayotoka humo inalipwa kwa fedha za umma.

Wenye viwanja nao tunawaambia lao: hati si kibali cha ujenzi. Anayejenga bila kibali, au aliyeongeza ghorofa ambayo haimo kwenye michoro yenye mhuri, asitegemee barua hii.

Tunachoomba kwenu ni hiki. Amri zote za mdomo zinazosimama leo katika wilaya zenu zipitiwe ndani ya siku 14: ambayo ina sababu, ipelekwe halmashauri au chombo husika itolewe kwa maandishi, na isiyo na sababu iondolewe kwa barua, maana mwananchi aliyekatazwa mbele ya mtaa mzima hawezi kurudi kazini kwa tetesi kwamba amesamehewa. Kuanzia sasa, pasiwe na ujenzi unaosimamishwa bila karatasi yenye namba ya jalada, jina na cheo cha anayesaini kutoka mamlaka yenye sheria hiyo, kifungu kinachotumika, kasoro iliyoonekana na kipimo chake, kile ambacho mjenzi anatakiwa kurekebisha, siku ya kusikilizwa isiyozidi 7 mbele, siku ambayo amri inakoma yenyewe, na mahali pa kukata rufani. Mfano wa kipimo ni huu: "ukuta wa mashariki umezidi mpaka kati ya bikoni mbili kwa sentimita 40." Mtu akisoma hivyo anajua aanzie wapi. "Kuna mgogoro" hakumwambii kitu.

Na kila amri, hata iliyo halali kabisa, iwe na aya moja ya usalama. Tunaiandika hapa ili iweze kunakiliwa ilivyo:

"Mjenzi anaruhusiwa kubaki na watu wasiozidi wanne kwa ajili ya kumwagilia zege hadi ifikishe siku 7, kulinda na kukagua mirunda, kufunika nondo na saruji, kuzuia maji na kuegemeza kuta za mitaro, na kumalizia zege iliyoanza kumwagwa hadi mahali ambapo mhandisi ataelekeza."

Aya hiyo haimpi mtu tofali moja la ziada. Inazuia slabu ya Jumamosi isife Jumatatu.

Tupo tayari kukaa na Makatibu Tawala na wakaguzi wa majengo kuandaa fomu ya ukurasa mmoja yenye vipengele hivyo, bila malipo.

Tunaomba kuwasilisha.